Mjibu Maombi

Jumanne, tarehe nne Machi. Asubuhi ilikuwa na manyunyu, na watu waliingia mahakamani wakikung'uta mabega.

"Mjibu maombi asimame," karani akasema.

Hakuna aliyesimama. Mama mfuaji, mjane wa makamo aliyefua nguo za nusu ya mtaa, aliendelea kukaa, mikono juu ya mapaja.

"Mama, ni wewe," karani akamwambia. "Fundi ndiye aliyeleta shauri, kwa hiyo yeye ni mleta maombi. Wewe unayelalamikiwa ni mjibu maombi."

"Mwanangu, jina hilo siwezi kuliitikia. Mjibu maombi ni mmoja tu, na hakai kwenye benchi hili."

Jaji alivua miwani, akaipangusa, akaivaa tena. Shauri lilikuwa la haki za msingi, na haki ya kwanza kuguswa ilikuwa imeguswa na karani. Akafungua kitabu kinene, akasoma kidogo, akaamua kwamba kwa kuheshimu dhamiri ya mama huyo, na bila kuharibu utaratibu wa mahakama, ataitwa "jirani".

Jirani akasimama.

Upande wa pili alikuwa fundi cherehani. Alipoitwa alipapasa ukingo wa kizimba kabla ya kupanda. Vyumba vyao viwili vilitenganishwa na ukuta mwembamba hivi kwamba kijiko kikianguka huku, kule wanainama kukiokota. Mwaka jana waligombana, maji ya sabuni yalipoingia kwenye suti ya bwana harusi. Fundi alipandwa na hasira akasema mbele ya wapangaji wote, "Na kwenye sala zako, jina langu ulitoe." Tangu siku hiyo hawakusalimiana.

"Mheshimiwa," wakili wa fundi akaanza. Alikuwa wakili wa kujitolea, na maneno yake pia aliyatoa bure. "Kila alfajiri mama huyu anasali kwa sauti. Anawataja watu kwa majina, pamoja na shida zao. Mteja wangu anasikia kila neno, na watu wanamcheka. Ana haki ya faragha. Ana haki ya utu wake."

"Mheshimiwa, mimi nilichotaka kusema hasa..." fundi akaanza.

"Mzee, niachie," wakili akamnong'oneza. "Ukisema mwenyewe utaharibu."

Shahidi alikuwa fundi viatu, anayekaa mlango wa tatu. "Kila asubuhi akitoka nje tunamuuliza, 'Hata leo?' Naye anajibu, 'Hata leo.' Mtu mzima, mheshimiwa, machozi yanamlengalenga. Sisi tunacheka, lakini si vizuri."

Jaji akamgeukia jirani. "Ni kweli unawataja watu kwa majina?"

"Ni kweli. Mungu anawajua wote, ila mimi nisipowataja nawasahau. Naanza na mke wa dereva na mguu wake. Halafu kinyozi na chupa zake..."

Kinyozi, ambaye alikuja kutazama tu, aliteremka kwenye benchi mpaka ikabaki kofia.

"Inatosha, mheshimiwa," wakili akadakia. "Tusiwaumize watu zaidi."

"Huwezi kuomba kimyakimya?" jaji akauliza.

"Nikinong'ona nasinzia, mheshimiwa. Nimejaribu. Niliamka jua limeshatoka, na sijafika hata kwa kinyozi."

Mahakama ikatafuta njia nyepesi, isiyoumiza upande wowote. Godoro lisimamishwe ukutani? Jirani alikuwa na godoro moja, na analilalia. Atumie herufi ya mwanzo ya jina? Uani watu wenye herufi hiyo walikuwa wengi, na jirani alikataa katakata kumchanganya Mungu. Asali akiwa ameelekea dirishani? Dirisha lilitazama chumba cha kinyozi, na ile kofia ikatikisika kukataa.

Fundi akanyoosha mkono. Safari hii wakili hakuwahi kumzuia.

"Mheshimiwa, naomba liamuliwe leo. Keshokutwa nalazwa, wananipasua macho. Mimi kazi yangu ni sindano. Sitaki kulala kwenye ile meza na jambo hili halijakwisha."

Jirani akamtazama fundi usoni, kwa mara ya kwanza tangu maji yale ya sabuni.

Jaji akaandika kwa muda mrefu, kisha akasoma. "Haki mbili zimekutana kwenye ukuta mmoja, na haki hazina kaka wala mdogo. Jirani anayo haki ya kuabudu, naye ataendelea kusali kwa sauti inayomweka macho. Fundi anayo haki juu ya jina lake na mambo yake. Kwa hiyo naamuru kwamba kuanzia leo jirani asilitaje jina la fundi katika sala yoyote, kwa sauti wala kimoyomoyo."

Wakili akampigapiga fundi mgongoni. "Tumeshinda, mzee."

"Tumeshinda nini?" Fundi alishika ukingo wa kizimba kwa mikono miwili. "Mheshimiwa, tangu siku ile ya ugomvi hajanitaja hata mara moja. Natega sikio ukutani mpaka amina. Anamwombea hadi paka wa uani. Nimekuja hapa ili aamriwe anitaje."

Jaji akaitazama karatasi aliyokwisha kuitia sahihi.

Jirani akasimama bila kuitwa. "Basi naahidi mbele ya mheshimiwa, na karani, na askari wa mlangoni, na kinyozi huko chini aliko: kesho alfajiri naivunja amri hii, na nitaanza na macho yake."