Chaguo la Pili la Munyao

Foleni ya Munyao ilikuwa na mtu mmoja, naye ni Munyao mwenyewe.

“Buda, hata kivuli chako kimepanga foleni kwingine!” tukamwambia.

Tulikuwa Makongeni, tukichagua kwa mlolongo mtu wa kutunza mfereji wetu wa maji. Kila mmoja alisimama nyuma ya mgombea wake. Mwenye foleni fupi kuliko zote aliondolewa, na waliokuwa kwake, pamoja na yeye, walihamia kwa chaguo lao la pili.

Foleni mbili zilizobaki zilikuwa sare. Moja iliongozwa na mke wa Munyao. Nyingine iliongozwa na nyapara wake wa kazini, ambaye Jumatatu angeamua kama Munyao ataandikwa kazi ya kudumu au atatolewa.

“Hamia basi,” tukamhimiza. “Ni wewe tu umebaki.”

Nyapara akakohoa kidogo.

Munyao akainama kufunga kamba za viatu. Tukaangua kicheko, maana alikuwa amevaa akala, na viatu vya matairi havina kamba.

“Usiharakishe, baba watoto,” mkewe akasema bila kugeuka. “Lakini ufunguo wa nyumba ninao mimi.”

Munyao akainuka.