Pimbi Aondoa Kesi Yake

Hapo kale, wanyama walipokuwa na mahakama yao, Kenge alivamia pango la Bi Pimbi akamtupa nje na wanawe. Pimbi akamshtaki kwa hakimu Mamba. Asubuhi ya hukumu akamsikia Kenge akimwamkia hakimu, "Shikamoo, mjomba!" Kumbe hawa ni ndugu! Akishindwa hapa, pango limepotea milele.

"Mheshimiwa, naiondoa kesi yangu kwa hiari," akasema upesi. "Ila naomba nisifungiwe njia nyingine za kudai pango langu."

"Mpe, mjomba, mpe zote!" Kenge akacheka mpaka akagaagaa. "Huyu atanifanya nini?"

Mamba akakubali.

Pimbi akatoka akirukaruka, moja kwa moja hadi kwa Kicheche, ambaye harufu yake humkimbiza hata chui. "Shoga yangu, njoo na ukoo wako wote mcheze ngoma mlangoni kwangu."

Wakacheza, wakajamba, wakacheza tena. Kenge akachomoka machozi yakimchuruzika, akakimbilia kwa mjomba.

"Si wewe uliyesema nimpe zote?" Mamba akafoka, ameziba pua. "Hebu sogea huko, unanuka!"

Jioni ile Pimbi na wanawe waliingia kwao, vitambaa puani, wakicheka hadi mbavu zikawauma.