Uduvi wa Salha

Maji ya chupa yalikuwa yamegeuka meupe kama tui. Zuwena aliyanusa, akafumba macho kwa hasira. Jioni hiyo bintiye Salha angerudi kutoka shule ya bweni, na kabla hata ya kuvua viatu angeulizia uduvi wake, wale wadogo kama ufuta aliokuwa akiwafuga kwenye chupa hiyo ya maji ya chumvi.

“Mama, umewalisha tena?” Zuwena aliuliza.

Mama mkwe wake, Bi Mwanakombo, alikuwa akipepeta mchele. “Unga kidogo tu.”

“Si nilikwambia chembe ya hamira inawatosha siku kadhaa? Wakizidishiwa, chakula kinaoza, wanakosa hewa!”

“Mwanangu, nipite na sahani yangu mbele ya kiumbe, nisimpe kitu? Humu ndani mwangu?”

Zuwena alitamani kupiga kelele. Tangu aolewe, hata yeye hajawahi kuinuka kwenye mkeka wa bibi huyu bila kuongezewa wali asioutaka.

Akapunguza maji kwa kikombe, akaongeza mengine ya chumvi, kisha akaegemeza tochi kwenye kioo, maana uduvi hufuata mwanga. Hakuna kilichokuja. Bi Mwanakombo akaweka ungo chini, akasogea. Wakainama pamoja, vichwa vikigusana.

Ndipo kutoka kwenye ule weupe, mmoja akajitokeza taratibu, akipepea vijiguu vyake.

“Yuko hai,” Zuwena alinong'ona.

“Masikini,” alisema Bi Mwanakombo. “Kakonda!”

Na vidole vyake vilikuwa vimeshaingia kwenye kopo la unga.