Mkono Chini ya Tandiko

Yahaya, mtunza farasi wa boma la Dodoma, aliuachia mkanda wa tandiko ukaning'inia.

"Kaza!" alifoka ofisa wa Kijerumani. "Nakwenda Kondoa leo."

"Sikazi, Bwana Mkubwa. Tandiko ni jembamba, linamkalia farasi kwenye uti wa mgongo. Atakuangusha porini."

Askari aliyesimama kando alikwisha kushika kiboko. Yahaya alizijua hamsa ishirini, fimbo ishirini na tano za adhabu. Za mwezi uliopita bado zilimwasha.

Hata hivyo aliukamata mkono wa ofisa, akauingiza chini ya tandiko, akalikandamiza kwa kifua mpaka mbao za ndani yake zikavibana vidole.

Mkono ulitoka na damu na usaha wa farasi. Ofisa aliutazama.

"Litoe," alisema. "Kisha lala chini."

Yahaya alilitoa, akakiosha kidonda cha farasi bila haraka, ndipo akavua kanzu.