Viti Viwili Vitupu

"Shemeji, amelala," Effie alisema, akiziba mlango wa chumba. "Kunywa chai kwanza."

Murdo Gillis akarudi kitini. Upepo wa baridi ulipenya chini ya mlango ule ukamgusa vifundo vya miguu.

Muhula mzima yeye na Hector Rankin, mume wa Effie, walitupiana maneno katika bunge la jimbo, Murdo upinzani, Hector serikalini, na jioni wakala samaki meza moja. Sasa saratani ilikuwa imemlaza Hector, na leo kulikuwa na kura. Kwa desturi ya bunge lao, mgonjwa asipofika, mmoja wa upande wa pili naye hubaki nje, ili maradhi yasimpe mtu ushindi. Murdo ndiye aliyejitolea. Alimshika Hector mkono akampa neno lake.

Kura yenyewe ilikuwa ya kufunga hospitali ndogo za mashambani, na ya kwao Glen Orrin ilikuwamo. Huko ndiko mkewe, Sadie, alikosafishwa damu kwa mashine ya figo. Wakiifunga, angesafiri nusu ya siku kwenye theluji, na Sadie hakuwa na mwili wa safari hizo. Serikali kuu kule Ottawa ina majeshi na mabalozi. Bunge la jimbo lina hospitali tu, lakini humo ndimo watu hufa na kupona.

Simu ikalia. Alikuwa Comeau, mnadhimu wa chama chake.

"Mzee, mambo yamebana. Wawili wa kwao wamekuja upande wetu. Ukiwepo ni sare, na kwa sare mswada umekufa. Bunge liko hapo chini tu, teremka."

"Nimetoa neno, Comeau."

"Neno ulimpa mtu aliye hai. Bado yu hai?"

Murdo akamgeukia Effie. "Wanamuulizia."

"Usiku alihangaika sana," Effie alisema, akimwongezea chai. "Waambie ndiyo kwanza ametulia. Mwache apumzike, shemeji."

"Yupo," Murdo akasema, akakata simu. Alijiona muungwana, tena mjinga, na alimchukia Hector kidogo kwa kulala fofofo wakati mwenzake anaungua.

Wakakaa kuisikiliza redio. Effie hakugusa kikombe chake. Mtangazaji hakuchelewa: mswada umepita, kwa kura moja.

Murdo alijifunika uso. Ahadi ni deni, walimfundisha hivyo tangu utotoni, ila hakuna aliyemwambia kwamba siku moja atakayelipa ni Sadie. Akalia bila kuona haya.

Effie alizima redio. Akainua simu, akazungusha namba, akasubiri.

"Nimefanya kama chama kilivyoniomba," alisema. "Sasa leteni jeneza. Yuko humo chumbani tangu alfajiri, na dirisha nimeliacha wazi."