Bi Tatu wa Barazani

Sheria ya pwani siku hizi ni kwamba nyumba lazima ifanane na inavyoelezwa kwenye programu ya utalii. Mgeni akisimama mbele ya nyumba yetu hapa Pangani, simu yake inamwambia kwamba barazani ameketi Bi Tatu, anasuka ukili wa mikeka. Basi lazima amkute Bi Tatu anasuka.

Bi Tatu, mama mkwe wangu, tulimzika mwezi wa Shaabani. Matanga hatukuweka. Watu wa programu walisema maelezo hayabadilishwi katikati ya msimu, wakanitazama juu mpaka chini, wakasema, "Wewe utafaa."

Nikavaa kanga zake. Nikafundishwa kukohoa kama yeye. Mimi, Salha, sijafika hata miaka thelathini, nakohoa kizee na wageni wanafurahi! Mume wangu Shebe akitoka sokoni akawakuta, lazima aniamkie, "Shikamoo mama." Mwanzoni tulikuwa tukiingia ndani tunacheka mpaka machozi. Siku hizi hatucheki, na Shebe analala sebuleni.

Leo amerudi nikiwa peke yangu barazani, hakuna mgeni hata mmoja.

"Shikamoo mama."

"Shebe, wageni wameshaondoka. Ni mimi, mkeo."

Akaweka samaki chini, akaketi karibu na miguu yangu, mahali alipozoea kuketi na mama yake.

"Najua," akasema. "Niitikie tu."

Nikakohoa kidogo, kisha nikamwitikia.