Hina ya Mjane

"Lete mkono," bibi yake alimwambia Shatha, koni ya hina ikining'inia juu ya kiganja.

Shatha akakunja ngumi. Kesho alfajiri angeruka kwenda Kochi, India, kumalizia filamu ya Kimalayalam, yake ya kwanza tangu aache uanamitindo. Aliigiza mjane. Nusu ya onyesho la mazishi ilikwisha kurekodiwa, mikono yake bila hina, na mwongozaji alimwonya kuwa alama yoyote mpya ingemtoa kazini.

Lakini kwa sababu ya filamu hiyohiyo, bibi hakumpa hata salamu mwaka mzima. Leo, kwenye hina ya harusi ya mdogo wake Shatha, ndiyo kwanza amemwita.

"Anza na miguu, bibi."

"Miguu ndiyo iliyokupeleka huko. Nnataka mkono."

Shatha akavifungua vidole, kimoja kimoja.